Bi Harusi Si Ukuta wa Kupakwa Rangi

Kuna neno moja tunalolitumia vibaya sana kwenye harusi zetu, nalo ni kung'aa. Neno lenyewe halina kosa. Kinachong'aa ni sufuria iliyosuguliwa kwa majivu, ni viatu vya askari siku ya Madaraka, ni macho ya mtoto aliyesikia chipsi zikitajwa. Lakini mwanamke akivishwa pete leo, hata kabla tarehe haijapangwa, wataanza kumwambia ang'ae. Shangazi atasema. Saluni itasema. Mpiga picha atasema kwa upole, akijifanya anapima mwanga. Marafiki watasema kwenye kundi la WhatsApp na kubandika vijinyota vitatu nyuma ya neno. Kila mmoja wao anajua anachomaanisha, ndiyo maana hutasikia msichana wa rangi ya thao akisihiwa aanze mapema. Anayesihiwa aanze mapema ni mweusi. Kung'aa ni namna ya kumwambia mtu "kuwa mweupe kidogo" bila wewe kuonekana ndiye uliyesema.

Wacha niweke mambo wazi kabla hamjanirukia. Napenda urembo. Nimesukwa Kenyatta Market na wanawake watatu kwa mpigo, mmoja akivuta kushoto, mwingine kulia, wa tatu akiitisha chai, na nikatoka pale nikijihisi malkia. Mwanamke akitaka kukaa wiki nzima kabla ya harusi yake akikandwa na kupakwa mafuta ya nazi hadi katikati ya vidole vya miguu, mimi nitamshikia glasi ya maji. Ninachokipinga ni hii biashara ya kumchukua mtu mzima, aliyependwa tayari, aliyechumbiwa tayari akiwa na ngozi yake hiyo hiyo, kisha kumtangaza kuwa ni kazi ambayo haijakamilika. Halafu mtu anaiita kujipenda.

Tazama hesabu. Sheria ya Ndoa ya 2014 inawataka wanaokusudia kufunga ndoa ya kiserikali watoe ilani ya angalau siku 21. Kwa sheria, siku hizo zinatosha mtu yeyote mwenye pingamizi kujitokeza na kulisema. Saluni nazo zinataka miezi 6. Mwezi wa kwanza chunusi, wa pili madoa, wa tatu "kusawazisha rangi", na kuendelea hivyo mpaka wiki ya mwisho, yenye kucha, nyusi, kope, nta, na masaji ya dakika 45 ambayo pengine ndicho kitu pekee kwenye orodha nzima ambacho bi harusi mwenyewe angekichagua. Serikali hii, na unavyoijua kwa kupenda stakabadhi, inataka uwe na miaka 18 na uwe umekubali kwa hiari yako. Rangi haijauliza.

Najua lugha ya pakeji hizi kwa sababu imewahi kunilisha. Kuandika kwa kujitegemea Nairobi ni kuandika chochote kinacholipwa, na wenye saluni angalau hulipa kwa M-Pesa siku hiyo hiyo. Mmoja wao alinipa kazi ya kuandika maelezo ya pakeji ya mabibi harusi. Niliandika "ngozi laini, iliyopumzika." Akafuta "iliyopumzika", akaweka "iliyotakata." Niliposema "kusafisha uso", akaandika "kufungua rangi ya uso." Nikamuuliza rangi inafunguliwa ielekee wapi. Akacheka, akasema, "Wewe andika tu, dada, wateja wanaelewa." Nilimrudishia kazi yake, lakini jibu lake nimebaki nalo. Ni kweli wateja wanaelewa. Biashara nzima imejengwa juu ya kuelewa bila kutaja.

Na bwana harusi je? Nimekaa kwenye kamati za harusi mbili, za jamaa zangu. Kwenye bajeti ya moja, ngozi ya bi harusi ilikuwa na mstari wake, chini ya hema na viti, juu ya keki. Mstari wa bwana harusi ulisema: kinyozi, 500. Na alienda asubuhi ya siku yenyewe, akachelewa kanisani kwa sababu foleni ilikuwa ndefu, na kila mtu akaona ni kisa cha kuchekesha cha kusimulia kwenye hotuba. Jamaa alikuwa na chunusi shingoni ambazo hazikujadiliwa na kikao chochote.

Sasa tuingie ndani ya kopo lenyewe, manake hapa utani unaisha.

Shuka River Road, ingia kwenye zile korido zenye maduka ya vipodozi yaliyobanana kama viti vya matatu. Utaona krimu zenye sanduku na jina. Ukiuliza vizuri utaletewa na zile zisizo na jina, kopo jeupe, kifuniko cha waridi, limejazwa nyuma ya pazia. Huo ndio mkorogo. Anayekuuzia hawezi kukuambia kilichomo, na mara nyingi hajui, kwa sababu naye ameuziwa. Lakini vitu vinavyojulikana kuharakisha weupe si vingi, na vitatu kati yake tunavijua vizuri.

Cha kwanza ni zebaki. Inazuia ngozi kutengeneza melanini, rangi ile inayotukinga na jua. Zebaki hiyo hiyo huharibu figo. Na haikai usoni tu: inapenya mwilini, inapanda na mvuke, inashika taulo na foronya, na mama mjamzito akijipaka, mtoto tumboni hupata fungu lake. Kwenye lebo huwezi kuikuta ikijiita mercury waziwazi kila mara. Tafuta calomel, mercurio, mercurous chloride. Mkataba wa Minamata, uliopitishwa Japani mwaka 2013, umevitaja vipodozi vya kung'arisha ngozi kati ya bidhaa za kuondolewa sokoni. Cha pili ni haidrokwinoni. Hii ikitumika kwa muda mrefu inaweza kufanya kinyume kabisa cha ulichoinunulia, ikakuachia mabaka ya bluu na nyeusi mashavuni ambayo hata daktari huhangaika nayo. KEBS ilishavipiga marufuku vyote viwili kwenye vipodozi. Nenda kahesabu mwenyewe vinavyouzwa.

Cha tatu ndicho kinachowanasa mabibi harusi, kwa sababu kinafanya kazi haraka na tarehe iko karibu: steroidi kali kama clobetasol. Hiyo ni dawa halali ya magonjwa ya ngozi, ya kuandikiwa na daktari na kupakwa kwa muda mfupi. Ukiichanganya kwenye krimu ya kila siku, wiki za kwanza ni muujiza. Chunusi zinapotea, uso unalainika, rangi inapanda. Chini yake ngozi inakonda kama karatasi ya kufungia maandazi. Na ukiiacha, ngozi inalipiza kisasi.

Rafiki yangu mmoja, tuliyesoma naye shule ya upili, alianza krimu yake miezi 3 kabla ya harusi. Kwenye picha ametoka kama alivyotaka, na sitasema uongo, watu walimsifu. Aliposhika mimba aliogopa akaiacha. Wiki ya pili uso ukawaka. Wekundu, vipele, kuwasha, joto la jiko likimchoma kana kwamba limemkusudia yeye. Mama mkwe aliuliza kama ni surua. Mumewe, ambaye si mtu mbaya, alimuuliza, "Kwani kumeenda aje?" na swali hilo lilimuuma kuliko vipele, kwa sababu hakuwahi kumwambia kwamba ile rangi ilitoka kwenye kopo. Daktari alimweleza kwamba ngozi itatulia, lakini itachukua miezi, na kwamba akirudia krimu ili apate nafuu ataanza upya. Picha ya harusi iko sebuleni kwake, kubwa kama dirisha. Anapita chini yake amejifunga leso hadi kidevuni. Aliniambia anamwonea wivu yule dada aliye kwenye picha.

Hilo ndilo ambalo hakuna pakeji inayolitaja. Wanakuuzia maandalizi ya siku moja, kumbe wamekufungulia akaunti ya kulipia kila mwezi. Mume ameoa uso unaohitaji kujazwa upya kama tokeni za stima.

Wenye pesa zaidi wamehama kwenye makopo, wako kwenye dripu. Glutathione, mshipani, kwa awamu. Mamlaka za dawa za Marekani na Ufilipino zimewaonya watu wao kuhusu sindano hizi za kung'arisha ngozi. Hapa kwetu unawekewa dripu ukiwa umejilaza kwenye kiti cha saluni, mkononi una juisi ya pasheni, na anayekutafutia mshipa ndiye aliyekubandika kope.

Nawasikia wasomaji wangu wa mjini, hasa wale waliosoma vitabu nilivyosoma mimi kabla sijaachana na chuo: mwili ni wake, chaguo ni lake, wewe ni nani? Sawa. Mimi ni muumini wa chaguo. Lakini chaguo linahitaji mtu ajue anachochagua, na kopo lisilo na lebo halijawahi kumpa mtu habari hizo. Tena chaguo linahitaji njia mbili zilizo wazi. Niambieni, ni bi harusi gani mweusi mliyemwona akiambiwa na kamati, na mpambaji, na shangazi zake wote, kwamba yuko sawa alivyo na pesa zile zirudi? Mwaka 2014 Lupita Nyong'o alisimama kwenye hafla ya jarida la Essence akasimulia jinsi alivyokuwa akimwomba Mungu aamke na ngozi nyeupe zaidi. Siku chache baadaye alishinda Oscar na Kenya nzima ikasema ni wetu. Tangu hapo makanga wameniita Lupita mara nyingi kuliko nilivyoitwa jina langu. Ni sifa, nadhani. Kisha nikishuka kwenye matatu hiyo, mwenye kibanda cha vipodozi ananipungia mkono kwa sababu ameona mteja.

Hapo ndipo hunijibu wale wanaojua nimezaliwa Mombasa. "Lakini nyinyi si ndio mlianza haya mambo? Si ndio nyinyi mnamfungia bi harusi ndani wiki nzima mkimsugua?"

Ndiyo, ni sisi. Na kwa kuwa mmeuliza, nitawaeleza singo, maana wengi wanaoiuza siku hizi hawajui ni nini. Singo ni liwa lililosagwa kwenye jiwe, karafuu, mrehani, asumini, waridi lililokaushwa, dalia, na kila nyumba ina chake cha kuongeza, vyote vikakandwa kwa marashi. Bi harusi hutiwa ndani. Malaika, yaani vile vinywele vyepesi vya mwilini, hutolewa kwa sukari iliyopikwa na ndimu, na hapo kuna kelele. Kisha anapakwa singo mwili mzima, anaachwa ikauke, anasuguliwa taratibu mpaka inadondoka mkekani chembe chembe. Udi unafukizwa. Na wanaofanya kazi hiyo si wageni. Ni somo wake, ni shangazi, ni jirani aliyemjua akiwa na kamasi. Mikono inasugua, midomo inazungumza: mambo ya chumbani, mambo ya mawifi, vicheko ambavyo wasichana wadogo hufukuzwa wasivisikie na ambavyo, kwa ushahidi wangu, husikika vizuri sana ukiwa nyuma ya mlango.

Nia ya singo ni ulaini na harufu. Mtu aliyesingwa unamjua kwa pua kabla ya macho. Hakuna kamera inayoweza kupiga picha harufu ya asumini, na pengine ndiyo sababu haijapewa nafasi kwenye pakeji za leo. Hata usiku wa kupamba, bi harusi anapotolewa akaonyeshwa, watazamaji ni wanawake watupu, na kuna kumbi ambazo simu huachwa mlangoni. Anaonwa na watu waliopo. Basi.

Sisemi mambo yetu yalikuwa ya haki. Nusu ya mafunzo ya somo yalikuwa jinsi ya kumridhisha mume, na sikumbuki kusikia, hata nyuma ya mlango, nusu nyingine ikifundishwa kwa mwanamume. Wala sisemi kuwa Pwani haina ugonjwa wa rangi. Tuna msamiati wake, na ni mrefu. Lakini singo ilikuwa na jambo ambalo siku hizi tunalilipia bila kulipata: mwanamke anayekaribia mabadiliko makubwa ya maisha yake anashikwa na mikono ya watu wanaompenda, siku baada ya siku, bila haraka. Na leo hata hiyo imeingiliwa. Kuna pakiti zinazouzwa kwa jina la singo zenye ahadi ya "kutoa weusi", na ukinusa hakuna liwa wala karafuu, kuna harufu ya dawa. Kina mama wa Eastleigh nao wana qasil yao, unga wa majani ya mti, wanaosafishia uso miaka nenda miaka rudi. Ngoja kidogo, nayo itauzwa na kifuniko cha waridi.

Hina ndiyo imenikasirisha zaidi. Hina halisi haiwi nyeusi. Ukiibandua ni rangi ya chungwa, halafu inakolea polepole, siku moja au mbili, mpaka inakuwa hudhurungi. Inataka subira. Nyeusi ya haraka ni piko, na piko ni rangi ya nywele yenye kemikali iitwayo PPD. Kuna ngozi zinazoivumilia. Kuna zinazoota malengelenge yakifuata mchoro ule ule, ua kwa ua, jani kwa jani, kana kwamba mchoraji ametumia moto badala ya wino. Na ukishapata mzio wa PPD unaweza kukaa nao maisha yako yote. Nimewaona mabibi harusi wakikataa hina nyekundu kwa sababu "haitaonekana kwenye picha."

Picha, picha, picha. Kwa miaka mingi Kodak ilisawazisha rangi za filamu zake kwa kutumia kadi zenye sura ya mwanamke mzungu, zikaitwa kadi za Shirley, na ngozi zetu zikatoka kama vivuli vyenye meno. Kamera hazikuwa zimetengenezwa kutuona. Huo ulikuwa udhaifu wa mashine, na mashine zimerekebishwa. Lakini sisi bado tunamrekebisha bi harusi. Mpambaji anamshusha rangi mbili za poda "kwa ajili ya fleshi", fleshi inapiga, na uso unatoka wa kijivu juu ya shingo ya kahawia. Uso wa mtu mmoja, shingo ya mwingine, na mikono, iliyoshika maua, ya mtu wa tatu. Fenty ilizinduliwa mwaka 2017 na rangi 40 za faundesheni, ikafika Kenya 2022, na wapo Wakenya waliokuwa wakitengeneza rangi zetu kabla yake. Kisingizio cha kukosa rangi kimeisha. Mpambaji anayekuja na chupa tatu, zote za thao, arudishwe nyumbani na nauli yake.

Na hizi pesa, kumbukeni, si za bi harusi peke yake. Harusi zetu hulipwa na kamati. Mimi nimetoa, wewe umetoa, mjomba wa Eldoret ametoa akitaja mara mbili kwamba ametoa. Kwa hiyo swali la kopo ni letu pia, na tunaweza kuliuliza bila kumdhalilisha mtu yeyote. Jumapili ijayo kamati itakaa tena kwenye ile hoteli yenye soda moto. Mwekahazina atafika kwenye mstari wa ngozi ya bi harusi. Mtu mmoja ainue mkono, aulize krimu hiyo ina nini ndani, nani ameitengeneza, na lebo iko wapi. Kama hakuna anayejua, bi harusi aulizwe kama angependa masaji mbili badala ya moja, na kinachobaki kihamishiwe kwenye mchele.